Mechi ya Chuo Haionekani, Sauti Haisikiki: Uanzie Wapi Kutafuta Tatizo

Kila Jumamosi kuanzia mwisho wa Agosti, simu za Waswahili tunaoishi Marekani hazitulii. Swali ni lilelile: mechi iko wapi? Watoto wetu wanasoma vyuo hivi, wengine wanapiga tarumbeta kwenye bendi ya chuo, na wazazi waliofika hapa bila kuujua mchezo huu wa mpira wenye ncha mbili, yaani futiboli ya Kimarekani, sasa wana timu yao na wanaililia ikifungwa. Saa ya mechi inafika, TV inawashwa, kumbe hakuna kitu. Au picha ipo, lakini watangazaji hawasikiki.

Mara nyingi TV haina kosa lolote. Tatizo liko kwenye mojawapo ya sehemu nne: nani ana haki ya kuionyesha mechi, kampuni inayokuletea chaneli, mahali ambapo mtandao unadhani upo, au kifaa chenyewe. Ukijua ni sehemu ipi, nusu ya kazi imekwisha. Kwa hiyo usianze kuchomoa waya. Fungua kwanza mechi hiyohiyo kwenye kifaa cha pili, hata kama ni simu. Ikionekana vizuri huko, shida iko kwenye TV au king'amuzi. Isipoonekana popote, shida iko mbali na sebule yako, na hakuna kitufe cha rimoti kitakachoiponya.

"Nimefungua ESPN, mechi haipo"

Hii ndiyo dalili ninayoisikia kuliko zote, na chanzo chake ni kudhani kwamba ESPN ina kila mchezo. Haina. Hadi mwaka 1984, NCAA, chama kinachosimamia michezo ya vyuo, ndicho kilichoamua mechi zipi zionyeshwe na kila timu ionekane mara ngapi. Upande wa chuo cha Oklahoma na ule wa Georgia walikwenda mahakamani, na Mahakama ya Juu ya Marekani ikaamua kwa kura 7 dhidi ya 2 kwamba utaratibu ule unavunja sheria ya ushindani wa kibiashara. Tangu hapo vyuo na ligi zao vinauza mechi vyenyewe, kila mmoja kwa mnunuzi wake. Ndiyo maana leo Jumamosi moja ina mechi nyingi mno, na zimetawanyika kila mahali.

Kuna kanuni moja inayotatua sehemu kubwa ya fujo hii: haki ya matangazo ni ya ligi ya timu mwenyeji. Usiulize timu yako huonyeshwa wapi. Uliza nani yuko nyumbani.

Chukua mechi ya Texas na Ohio State ya tarehe 30 Agosti 2025. Texas wako SEC, ligi ambayo mechi zake zote ziko mikononi mwa kampuni ya Disney, yaani ABC na ESPN. Lakini mechi ilichezwa Columbus, nyumbani kwa Ohio State walio Big Ten, kwa hiyo ilionyeshwa Fox saa 6 mchana kwa saa za Mashariki ya Marekani. Ohio State walishinda 14-7. Marudiano yakichezwa Austin, nyumbani kwa Texas, mechi inahamia upande wa Disney. Timu ni zilezile mbili, ila mwenyeji amebadilika na chaneli imebadilika naye.

Siku ile kulikuwa na mtego mwingine uliowapata watu. Asubuhi ESPN walikuwa Columbus na kipindi chao cha College GameDay, tena kwa heshima kubwa, kwa sababu Lee Corso, aliyekuwa na miaka 90 na aliyekuwa kwenye kipindi hicho tangu 1987, alikuwa anaaga. Kirk Herbstreit, mchambuzi wa ESPN, alikuwepo pale mezani. Kwa hiyo mtu aliwasha ESPN, akauona uwanja, akawaona mashabiki, akatulia akisubiri mpira uanze. Mpira ulianza Fox. Herbstreit mwenyewe aliondoka kwenda Clemson, ambako usiku alitangaza mechi ya LSU na Clemson kwenye ABC pamoja na Chris Fowler. Kipindi cha asubuhi kinafuata mechi kubwa popote ilipo, hata kama mechi yenyewe ni ya mshindani. Ukiona kamera za ESPN mjini kwako, usichukulie kwamba mechi ni yao.

Ramani ya msimu wa 2025, ligi kwa ligi na kwa ufupi, ilikuwa hivi. SEC: ABC, ESPN, ESPN2 na SEC Network. Big Ten: Fox kwa mechi kubwa ya saa 6 mchana, CBS kwa ile ya saa 9 na nusu alasiri, NBC kwa ile ya saa 1 na nusu usiku, kisha FS1, Big Ten Network na Peacock kwa zilizobaki. ACC: chaneli za ESPN na ACC Network, na baadhi ya mechi kwenye CW. Big 12 wamegawanywa kati ya ESPN na Fox, na tangu 2025 baadhi ziko TNT. Notre Dame hawana ligi kwenye mchezo huu, na mechi zao za nyumbani ziko NBC tangu 1991.

Ukitumia orodha ya zamani utapotea, kwa sababu mwaka 2024 vyuo vilihama kwa wingi. Texas na Oklahoma walikwenda SEC. USC, UCLA, Oregon na Washington, ambao wako pwani ya magharibi kabisa, walijiunga na Big Ten, ligi iliyozaliwa katikati ya nchi. Sasa Big Ten ina timu 18. Mtu anayekumbuka kwamba SEC iko CBS anakumbuka sawa, ila mambo hayo yaliisha msimu wa 2023.

Kanuni ya mwenyeji ina mpaka wake. Mechi za mtoano za kumtafuta bingwa, ambazo tangu msimu wa 2024 zina timu 12, zina mkataba wao peke yake. Hizo ni za ESPN, na baadhi ya mechi za mwanzo zimekuwa TNT. Hapo usimtazame mwenyeji.

"Chaneli ninazo zote, lakini hii siioni popote"

Soma ratiba kwa makini, herufi kwa herufi. Kukiandikwa Peacock peke yake, basi mechi haiko kwenye chaneli yoyote ya kebo wala antena; ni mtandaoni tu, kwa malipo yake. Mashabiki wa Michigan walikutana na jambo hili kwenye mechi yao ya kwanza ya msimu wa 2023, walipocheza na East Carolina tarehe 2 Septemba: bingwa wa Big Ten anacheza nyumbani, na mwenye kifurushi kikubwa cha kebo hamwoni.

Vilevile SEC Network+ siyo SEC Network. Ile alama ya kujumlisha mwishoni ina maana kwamba mechi iko ndani ya programu ya ESPN, na king'amuzi hakitaipata hata ukizunguka chaneli zote. ACC Network Extra ni hivyohivyo. Habari njema ni kwamba kwa kawaida hulipi zaidi: kama kifurushi chako kina SEC Network au ACC Network, ingia kwenye programu ya ESPN kwa akaunti ya kampuni yako ya kebo na mechi itafunguka. Programu ikikuambia huna ruhusa ilhali unalipa, toka kwenye akaunti kabisa, ingia upya, na uchague jina la kampuni sahihi. Watu wengi wamebadilisha kampuni na programu bado imeshikilia ile ya zamani.

"Ratiba haina saa, au saa yangu hailingani na yao"

Ukikuta TBA mahali pa saa, yaani saa itatangazwa baadaye, hakuna kilichoharibika. Chaneli hazipangi msimu mzima mapema. Kwa mechi nyingi huchagua siku 12 kabla, na mara nyingine huomba kusubiri hadi siku 6 kabla, ili zione kwanza nani ameshinda Jumamosi iliyotangulia. Timu ikishinda mfululizo, mechi yake husogezwa hadi usiku kwenye chaneli kubwa. Ikipoteza, hurudishwa mchana. Kwa hiyo usinunue tiketi ya ndege ya kurudi Jumamosi jioni kabla ya kuiona saa kwa maandishi.

Kwa sisi tunaohesabu saa kuanzia macheo, kuna hatari ya pili. Ratiba karibu zote huandikwa kwa saa za Mashariki ya Marekani. Ikiandikwa 12:00, ni saa 6 mchana New York na Columbus, saa 5 asubuhi Minneapolis na Dallas, saa 3 asubuhi Los Angeles. Phoenix nako hawarudishi saa nyuma wala kusogeza mbele, kwa hiyo mechi ya mchana ya Columbus inaanza kwao saa 3 asubuhi mwezi wa Septemba na saa 4 asubuhi mwishoni mwa Novemba.

Walio nyumbani wapime hivi. Mechi ya saa 6 mchana Columbus inaanza saa 1 usiku Dar es Salaam, Nairobi na Kampala, lakini ni hadi Jumapili ya kwanza ya Novemba tu. Siku hiyo Marekani hurudisha saa nyuma, na kuanzia hapo mechi hiyo inaanza saa 2 usiku. Ile ya saa 9 na nusu alasiri inaanza saa 4 na nusu usiku, kisha saa 5 na nusu baada ya mabadiliko. Ya saa 1 na nusu usiku inaangukia saa 8 na nusu usiku wa kuamkia Jumapili, na baadaye saa 9 na nusu. Goma, Bujumbura na Kigali watoe saa moja. Muscat waongeze saa moja. Dabi ya Ohio State na Michigan huchezwa Jumamosi inayofuata sikukuu ya Shukrani, yaani mwisho wa Novemba, saa zimeshabadilika. Aliyezoea mechi za Septemba kuanza saa 1 usiku atakaa saa nzima akitazama uchambuzi.

"Jana chaneli ilikuwepo, leo imetoweka"

Kama chaneli zilizotoweka ni ABC na ESPN kwa pamoja, au zote za Fox kwa pamoja, huo ni mgogoro wa mkataba kati ya mwenye chaneli na kampuni inayokuuzia. Migogoro hii hupenda kulipuka msimu wa mpira unapoanza, kwa sababu ndipo mtazamaji anapoumia zaidi, na kila upande unajua hivyo. Tarehe 31 Agosti 2023 wateja wa Spectrum, kampuni ya kebo, walikatiwa ESPN usiku uleule Florida wakicheza na Utah. Suluhu ilipatikana Septemba 11. Tarehe 1 Septemba 2024 ikawa zamu ya DirecTV, mechi ya LSU na USC ikiwa inaendelea, hadi Septemba 14. Tarehe 30 Oktoba 2025 ikawa YouTube TV, na chaneli hazikurudi hadi Novemba 14. Mara zote tatu upande wa pili ulikuwa Disney, na mara zote tatu aliyekaa gizani ni mtu aliyekuwa amelipa ankara yake kwa wakati. Hilo linaniudhi, na nadhani lina haki ya kuniudhi.

Kuwasha na kuzima king'amuzi hakusaidii hapa. Yanayosaidia ni mawili. Kwanza, tangu tarehe 21 Agosti 2025 ESPN wanauza programu yao moja kwa moja kwa mtazamaji, kwa dola 29.99 kwa mwezi wakati ilipozinduliwa, bila kebo. Siku hiyohiyo Fox nao walizindua yao, Fox One, kwa dola 19.99. Unaweza kulipa mwezi mmoja na kuacha. Pili, ni antena, ambayo kila nyumba yenye mpenzi wa mchezo huu inapaswa kuwa nayo.

"Nimeweka antena, chaneli moja haishiki"

ABC, CBS, NBC, Fox na CW zinapatikana hewani bure. Mechi kubwa za Jumamosi ziko humo. Antena ya kawaida ya dukani haina malipo ya mwezi, na migogoro ya kampuni haiigusi.

Kama chaneli iliyokuwa inashika imepotea, au hujaigusa TV kwa miaka, ingia kwenye mipangilio na utafute chaneli upya tangu mwanzo. Kati ya 2017 na 2020 karibu vituo elfu moja vya Marekani vilihamishwa masafa kwa amri ya serikali, na hata baada ya hapo vituo huhama kimoja kimoja. Namba unayoiona kwenye skrini haibadiliki, masafa nyuma yake ndiyo yanayobadilika, kwa hiyo TV isiyotafuta upya inaendelea kusubiri mahali ambapo hakuna tena mtu.

Kama zote zinashika isipokuwa moja, tazama aina ya antena yako. Zile bapa kama karatasi, za kubandika dirishani, zimetengenezwa hasa kwa masafa ya UHF. Lakini baadhi ya vituo vimebaki VHF, ambayo mawimbi yake ni marefu na yanataka antena yenye mikono mirefu. ABC ya New York iko VHF, kwenye masafa ya 7, na ABC ya Philadelphia iko kwenye ya 6, ya chini zaidi. Mtu wa miji hiyo anaipata Fox safi, anaipata NBC safi, ABC inavunjikavunjika, na anaamini kituo ndicho kibovu. Dawa ni antena yenye vile vijiti viwili vya kuvuta, ivutwe hadi mwisho na ilazwe. Isogeze dirishani, iondoe nyuma ya TV, na iweke mbali na taa za LED na chaja, maana hizo huharibu sana VHF.

"Naisikia kelele ya uwanja, watangazaji hawasikiki"

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu hii ndiyo dalili inayowakatisha watu tamaa kuliko nyingine, na dawa yake ni ya dakika mbili. Kwa mtu ambaye bado anajifunza mchezo huu, mtangazaji ndiye mwalimu. Yeye ndiye anayekuambia kwa nini mwamuzi ametupa kitambaa cha njano na kwa nini kocha ameamua kupiga kiki badala ya kujaribu mara ya nne. Ukimwondoa, unabaki na watu wanaogongana.

Mechi hutangazwa kwa sauti ya njia sita. Kelele za mashabiki na bendi ya chuo husambazwa kushoto, kulia na nyuma. Maneno ya watangazaji hupita karibu yote kwenye njia moja ya katikati. Kama TV au saundiba inapokea njia sita lakini inapiga mbili tu bila kuzichanganya, ile ya katikati inaanguka. Unasikia uwanja mzima, matarumbeta na ngoma, na kwa mbali sana kama mtu anayezungumza chumba cha pili.

Shangazi mmoja alinipigia mechi ikiwa robo ya pili.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba mwanangu. Hawa watu wamenyamaza tena."

"Fungua mechi hiyohiyo kwenye simu yako. Huko wanasema?"

"Wanasema."

"Na kwenye TV, matangazo ya biashara yakija, unasikia vizuri?"

"Hayo nayasikia sana."

Hilo jibu la mwisho ndilo linalomaliza uchunguzi. Matangazo ya biashara mara nyingi yana sauti ya njia mbili tu, kwa hiyo hayapotezi kitu. Yakisikika vizuri na watangazaji wasisikike, mhalifu ni njia ya katikati. Shangazi alikwenda kwenye mipangilio ya TV, akaingia sehemu ya sauti, akatafuta mahali palipoandikwa kuhusu sauti ya kidijitali inayotoka, akaondoa Auto na kuchagua PCM. Gus Johnson, mtangazaji wa Fox, alirudi akiwa anapiga kelele, kama kawaida yake.

Kama unatumia kijiti cha mtandaoni au kiboksi cha nje, fanya hivyohivyo kwenye mipangilio ya kifaa hicho: chagua stereo. Kama una saundiba, hakikisha waya wa HDMI umeingia kwenye tundu lililoandikwa ARC au eARC pande zote mbili. Na kama una spika kamili za sebuleni, nenda kaweke sikio kwenye ile ya katikati; huenda waya wake umechomoka wakati wa kufagia.

Ukisikia lugha nyingine, au ukimya kabisa, TV imehamia kwenye njia ya pili ya sauti. Tafuta kitufe cha Audio au SAP kwenye rimoti na uirudishe kwenye Kiingereza cha kawaida. Njia hiyo hutumika kwa Kihispania au kwa kuwaelezea wasioona, na isipotumika hubaki tupu.

Sababu nyingine ni kwamba umeingia kwenye matangazo ambayo yamekusudiwa yawe hivyo. Tangu fainali ya Januari 2014, Florida State walipowafunga Auburn 34-31, ESPN huionyesha mechi ya ubingwa kwa njia nyingi kwa wakati mmoja: chaneli moja ina watangazaji wa kawaida, nyingine ina kamera ya juu inayoning'inia kwenye nyaya, nyingine ina sauti za uwanja bila mtangazaji. Ukikuta ukimya mtamu wa aina hiyo usiku wa fainali, hamia ESPN yenyewe.

"Mechi ipo, ila watangazaji si wale niliowategemea"

Hili si tatizo la kifaa, lakini naulizwa kila wiki. Kila chaneli ina vikosi kadhaa, na kikosi cha kwanza hupewa mechi moja tu kwa siku. Msimu wa 2025 kikosi cha kwanza cha Fox kilikuwa Gus Johnson na Joel Klatt, na Jenny Taft pembeni mwa uwanja. Cha ABC ni Chris Fowler na Kirk Herbstreit. Cha CBS kilikuwa Brad Nessler na Gary Danielson, huo ukiwa msimu wa mwisho wa Danielson. Cha NBC kwa mechi za usiku za Big Ten ni Noah Eagle na Todd Blackledge. ABC ikionyesha mechi tatu siku moja, Fowler na Herbstreit watakuwa kwenye moja, na nyingine mbili watapewa wengine, kama Sean McDonough na Greg McElroy. Majina ya kila mechi hutangazwa ndani ya wiki ya mechi, kwa hiyo orodha unayoiona mwezi mmoja kabla ni ya kukisia.

Kwa maoni yangu usimdharau mtangazaji wa kikosi cha tatu. Mara nyingi yeye ndiye anayeeleza mchezo taratibu, na mgeni anajifunza zaidi kwake.

"Inakwamakwama" na "jirani anashangilia kabla yangu"

Picha ikisimama na kuzunguka, kwanza hesabu ni vifaa vingapi vinatumia mtandao nyumbani. Unganisha TV na ruta kwa waya kama inawezekana. Kama haiwezekani, tumia Wi-Fi ya 5 GHz badala ya 2.4, mradi ruta isiwe mbali sana. Ukiambiwa watazamaji wamezidi, ni kwamba akaunti yako inatumika sehemu nyingi. YouTube TV huruhusu vifaa 3 kwa wakati mmoja, na mtoto aliye chuoni ni kimoja.

Kama ABC na Fox zinaonekana na ukungu kidogo kuliko NBC na CBS, TV ni nzima. ABC, ESPN na Fox hurusha kwa 720p, na NBC na CBS kwa 1080i.

Kuchelewa hakuna dawa kamili. Matangazo ya mtandaoni yanaweza kuchelewa nusu dakika au zaidi nyuma ya antena. Zima arifa za simu, au rudi kwenye antena.

"Inaniambia siko eneo langu"

Chaneli za bure, yaani ABC, Fox na wenzao, hugawiwa kwa mji. Ukitumia intaneti ya nyumbani inayotoka kwenye mnara wa simu, mtandao unaweza kudhani uko mji mwingine kabisa na kukupa kituo cha huko. Fungua programu ya kampuni yako kwenye simu, ruhusu ionyeshe mahali ulipo, kisha sasisha eneo kwenye TV. Zima VPN kabla ya kufanya hivyo. Ukisafiri kwenda Mombasa au Zanzibar na akaunti yako ya Marekani, YouTube TV na Peacock hazitafunguka. Haki walizonunua zinaishia mpakani. Ukiwa huko, tazama ratiba ya ESPN kwenye DStv, iliyokuwepo tangu 2020.

"Nimerekodi, mwisho umekatika"

Chaneli hutenga kama saa tatu na nusu, na mechi haiheshimu hilo. Muda wa nyongeza hauna kikomo: mwaka 2018 Texas A&M waliwafunga LSU 74-72 baada ya nyongeza saba, na mwaka 2021 Illinois waliwafunga Penn State 20-18 baada ya tisa. Radi ikipiga karibu na uwanja, wachezaji huondolewa na husubiri dakika 30 tangu radi ya mwisho, na kila radi mpya inaanzisha hesabu upya. Ongeza saa mbili mwishoni mwa rekodi, na urekodi pia kipindi kinachofuata. Kama mechi yako haijaanza kwa sababu ya kabla yake haijaisha, soma maandishi yanayopita chini ya skrini. Mara nyingi mwanzo wake umehamishiwa chaneli dada, kama FS1 kwa Fox.

Kuweka redio juu ya picha

Wengine wanapenda sauti ya nyumbani. Kwa Ohio State msimu wa 2025 mtangazaji wa redio alikuwa Paul Keels, aliyeanza kazi hiyo mwaka 1998, kwenye 97.1 FM ya Columbus. Zima sauti ya TV, washa redio, na usubiri mpira uchezwe mara moja ili uone nani yuko mbele. Redio ya mtandaoni ikiwa nyuma ya picha, simamisha TV kwa kitufe cha kusitisha hadi redio iifikie, kisha iachie. Redio ya hewani ikiwa mbele ya picha, iache hiyo, fungua redio kwenye programu ya simu, ambayo huchelewa, na ulinganishe kwa kiki ya kuanzia kipindi cha pili. Hapo mguu unagusa mpira na kelele inapanda kwa pamoja, na ni rahisi kuona kama bado kuna sekunde ya kurekebisha.